Stoo Inaanzia Chini: Maliza Sakafu Kabla ya Geti



Leo siandiki ratiba ya palizi wala dawa ya viwavijeshi. Leo natoa maoni, na najua nitapingwa, hasa na mafundi. Maoni yenyewe ni haya: kijana anayejenga stoo ya shamba na hela haimtoshi kufanya kila kitu, amalize sakafu kwanza. Geti, rangi na dari vitafuata.

Ninachokiona huku ninakozunguka, ukanda wa Kongwa na Kiteto, ni kinyume kabisa. Unakuta stoo ina bati la rangi, mlango wa chuma una kufuli tatu, jina la shamba limeandikwa ukutani kwa herufi kubwa. Ukiingia ndani unakanyaga vumbi. Ukimuuliza mwenyewe anakwambia, "Sakafu tutaimalizia mwakani afisa, kwa sasa mzigo tumeuweka juu ya turubai."

Mwizi unayemwogopa anapita mlangoni. Lakini kwa miaka niliyofanya kazi hii, mzigo mwingi nilioona umepotea stoo haukuibiwa. Uliharibikia chini: unyevu, mchwa, panya na wadudu waliojificha kwenye nyufa. Hao hawahitaji kuvunja kufuli.

Stoo ya vumbi inakudanganya miezi sita

Sakafu ya udongo ina ujanja mmoja. Ukivuna mwezi wa sita na kuingiza mahindi, ardhi imekauka kabisa. Mwezi wa saba safi, wa nane safi, wa tisa safi. Unapita na tochi, unagusa gunia la chini, liko kavu. Unaanza kuamini kwamba afisa ugani anapenda tu kutisha watu.

Kisha mvua inaanza Disemba. Huku kwetu msimu ni mmoja, mvua inakuja kati ya Novemba na Disemba na kwenda mpaka Aprili. Udongo wa nje unalowa, na maji yanasafiri chini ya ukuta kuja ndani. Yanapanda kwenda juu kama mafuta ya taa yanavyopanda kwenye utambi wa kibatari. Huwezi kuyaona yakitembea. Unachokuja kuona ni gunia la chini lenye rangi iliyokolea na harufu ya uvundo.

Sasa linganisha na kalenda ya bei. Kwa nini ulihifadhi badala ya kuuza mwezi wa saba? Ulikuwa unasubiri Januari na Februari, mahindi yakiadimika. Yaani miezi ambayo mzigo wako una thamani kubwa kuliko wakati wowote ndiyo miezi ambayo sakafu ya udongo inakusaliti. Umesubiri nusu mwaka, umelipa dawa, umelipa mlinzi, halafu mwishoni kabisa unaharibikiwa. Hiyo ndiyo sababu nasema sakafu si urembo. Ni sehemu ya mpango wako wa kuuza.

Tupige hesabu

Chukua stoo ndogo ya mita 4 kwa mita 5. Ukiacha nafasi ya nusu mita kila upande wa ukuta, inaingia magunia kama 100 ya kilo 100, ukipanga matano kwenda juu. Maana yake mstari wa chini una magunia 20, ambayo ni kilo 2,000. Tuchukulie kwa mfano bei ni shilingi 700 kwa kilo. Mstari wa chini peke yake ni shilingi 1,400,000.

Sasa sakafu. Mita 4 kwa 5, unene wa sentimita 10, ni mita za ujazo 2 za zege. Kwa mchanganyiko wa saruji 1, mchanga 2, kokoto 4, unahitaji mifuko kama 13 ya kilo 50. Chukua bei ya saruji ya dukani kwenu, zidisha mara 13, ongeza mchanga, kokoto, mawe, nailoni na hela ya fundi. Weka namba hizo mbili pembeni kwa pembeni, uamue mwenyewe. Kumbuka jamvi likimwagwa vizuri utalitumia miaka mingi, lakini mstari wa chini unaweza kuupoteza kila msimu.

Na hapo sijagusa mnunuzi. Mnunuzi wa maana akifika na bambo lake, akachoma gunia la chini na kukuta punje zenye kuvu, hatakwambia "hili weka pembeni." Atashusha bei ya mzigo wote, au atawasha gari aondoke. Ukiulizwa ubora, kiwango cha Afrika Mashariki kwa mahindi ni unyevu usiozidi asilimia 13.5. Uliyakausha vizuri shambani yakafika 13, sakafu ikayarudisha 16. Nani utamlaumu?

Hapa hatuongelei hela tu

Kuvu anayeota kwenye mahindi yenye unyevu anaweza kutengeneza sumukuvu. Mwaka 2016, katika mikoa hii hii ya Dodoma na Manyara, watu waliugua na wengine kufa kwa sababu ya mahindi yenye sumukuvu. Wagonjwa walioorodheshwa walikuwa 68, waliofariki 20. Jirani zetu Kenya waliyapata makubwa zaidi mwaka 2004, watu 317 waliugua na 125 wakafa, wengi kutoka Makueni na Kitui. Sisemi kwamba sakafu peke yake ndiyo iliyosababisha. Sumukuvu inaanzia hata shambani, na kukausha vibaya ni sababu kubwa sana. Lakini gunia lililolowa chini ya stoo ni mahali pazuri mno kwa kuvu.

Kinachoniuma ni kinachotokea baada ya pale. Mnunuzi akikataa magunia ya chini, mara nyingi hayatupwi. Nimeshuhudia kijana mmoja akiyatenga mawili pembeni na kusema, "Haya tutakoboa, yatakuwa ya nyumbani." Maana yake mzigo mzuri umeenda mjini, na mbaya umeenda kwenye sufuria ya watoto wake. Mwingine anawapa kuku, au ng'ombe wa maziwa, bila kujua kwamba sumu hiyo inadhuru mifugo na inapita mpaka kwenye maziwa.

Jamani, kupika ugali hakuondoi sumukuvu. Kuosha mahindi na kuyaanika tena kunaondoa harufu na rangi, sumu iliyokwisha kuingia inabaki. Punje zenye kuvu usile, usilishe, usiuze. Ndiyo maana nakazania sakafu. Ni rahisi zaidi kumwambia mtu amwage jamvi kuliko kumwambia amwage magunia mawili ya mahindi wakati nyumbani wana njaa.

Jiulize maswali matatu kabla ya kumwita fundi

Sisemi kila mtu amwage zege. Kuna stoo zege linafaa, kuna stoo ni kupoteza hela.

La kwanza, unahifadhi nini? Mahindi, mtama, alizeti na mbegu kavu vinataka sakafu isiyopitisha unyevu, yaani jamvi. Vitunguu ni habari nyingine. Kitunguu kinataka hewa ipite chini na pembeni, kwa hiyo chanja la mbao zenye nafasi, lililoinuliwa kutoka chini, ni bora kuliko kukimwaga juu ya saruji. Viazi vya mbegu navyo vinakaa kwenye trei au vichanja vyenye hewa na mwanga hafifu, havirundikwi sakafuni. Mwenye vitunguu akitumia hela yote kwenye sakafu ya kung'aa na kusahau vichanja, atavuna uozo.

La pili, kitakaa muda gani? Kama mzigo unakaa wiki mbili ukisubiri gari, na ni kiangazi, chaga na turubai vinatosha. Kama unakaa mpaka Februari, soma mpaka mwisho.

La tatu, ardhi ni ya nani? Hili vijana wengi mnalipuuza. Wengi mnalima mashamba ya kukodi, mkataba wa mwaka mmoja au miwili, mwingine wa mdomo tu. Usimwage jamvi kwenye ardhi ya mtu. Siku akitaka shamba lake, jamvi halipakiwi kwenye Fuso. Wewe jenga jukwaa la mbao linalofunguka kwa boliti, au weka hela kwenye chaga nzuri na mifuko isiyopitisha hewa, au peleka mzigo kwenye ghala la chama cha ushirika lenye sakafu iliyokamilika. Hiyo nayo ni akili ya biashara.

Jamvi linavyotakiwa kuwa

Kwa mwenye ardhi yake na mwenye nafaka, huu ndio mpangilio ninaoshauri. Si wa gharama ya ajabu, ila hauna njia ya mkato.

Anza na kiwanja. Chagua sehemu iliyoinuka, maji yasisimame. Ondoa udongo wa juu wenye mizizi na majani. Kama uko kwenye udongo mweusi wa mbuga, ule unaopasuka kiangazi na kuvimba masika, kuwa mwangalifu sana. Udongo huo unaweza kuinua na kuvunja sakafu yoyote. Uchimbe uutoe kadiri uwezavyo, jaza moramu, shindilia. Ukiweza kuhamisha stoo kwenda kwenye udongo mwekundu, hamisha.

Uso wa sakafu yako uwe juu ya ardhi ya nje kwa sentimita 20 mpaka 30. Stoo ambayo sakafu yake iko sawa na uwanja itakuwa bwawa mvua ya kwanza.

Jaza kifusi kwa tabaka, kila tabaka sentimita 15, mwagia maji kidogo na ushindilie. Ukijaza nusu mita kwa siku moja na kukanyaga juu kwa miguu, kitatitia na jamvi litapasuka. Juu yake panga mawe unene wa sentimita 15, kisha mchanga wa kuziba nafasi na kulainisha, sentimita 5 hivi, ili ncha za mawe zisitoboe nailoni.

Mchwa: sehemu zenye vichuguu, dawa ya mchwa inapigwa kwenye udongo kabla ya nailoni na zege. Tumia dawa iliyosajiliwa na TPHPA kwa kazi hiyo na ufuate maelezo ya kibandiko. Ikishafunikwa na jamvi haigusi chakula. Oili chafu tafadhali achana nayo. Inanuka, inaingia kwenye nafaka, na mnunuzi anaisikia harufu yake akiwa mlangoni.

Kisha nailoni nene, ile ya geji 1000. Hii ndiyo inayozuia maji kupanda, na ndiyo mafundi wengi wanairuka kwa sababu ikishafunikwa hakuna anayeiona. Vipande viwili vikikutana vipishane angalau sentimita 30, na pembeni nailoni ipande ukutani kidogo. Kwa stoo ya mita 4 kwa 5 nunua inayotosha mita 4.5 kwa 5.5. Mtu akitembea juu yake avue viatu vyenye misumari, na toroli lipite juu ya ubao.

Zege sasa. Ndoo ya lita 20 itakusaidia kupima. Mfuko mmoja wa saruji una ujazo wa lita 35 hivi, kwa hiyo kwa kila mfuko weka ndoo tatu na nusu za mchanga na ndoo saba za kokoto. Maji ni kama ndoo moja na robo, na yapungue kama mchanga umelowa. Mafundi wanapenda zege la uji kwa sababu linamwagika bila jasho, lakini maji yakizidi zege linakuwa dhaifu na lina vitundu vingi vya kupitisha unyevu. Zege zuri linashikana ukilifinyanga, halikimbii.

Mwaga unene wa sentimita 10. Kama utaingiza pawatila au trekta dogo, ongeza ufike 15 na uweke waya wa mesh katikati ya zege, si kuulaza chini kwenye nailoni. Kila mita 3 hivi weka mkato, ili likitaka kupasuka lipasuke hapo kwenye mstari. Stoo yetu ya mfano inatosha kuigawa sehemu mbili au nne.

Halafu maji ya kumwagilia. Jamvi linataka kubaki limelowa siku 7. Funika kwa magunia au mchanga, mwagia asubuhi na jioni, na jua la Dodoma likiwa kali ongeza mchana. Zege linaendelea kukomaa mpaka siku ya 28, na hapo linakuwa bado na unyevu wake wa ndani. Usiingize mahindi kabla ya hapo. Kwa hiyo kama unavuna mwezi wa sita, jamvi limwagwe si baada ya mwezi wa nne kuisha.

Maneno ya fundi ninayobishana nayo

"Bosi, keshokutwa unaingiza mzigo." Hapana. Anataka kumaliza aende kazi nyingine, mzigo si wake.

"Tumwage zege dogo, halafu juu tupige lipu na niru, itang'aa." Niru inapendeza sebuleni. Kwenye stoo, tabaka jembamba lililopakwa juu ya zege lililokwisha kukauka linabanduka kama maganda baada ya msimu mmoja wa kuburuta magunia. Chini ya maganda ndiko dumuzi na fukusi wanaishi. Mimi nashauri jamvi lenyewe lilainishwe kwa mwiko likiwa bado bichi, siku ile ile. Unaokoa saruji, na unapata uso mmoja usiobanduka.

"Tuweke tailizi." Tailizi za nyumbani zinapasuka ukiangushia chuma, zinateleza zikilowa, na kila kiungo ni maficho. Hela hiyo nunua chaga.

Sitaki mnielewe vibaya, mafundi wazuri wapo na ninafanya nao kazi. Ninachosema, kuwepo kwako siku ya nailoni na siku ya zege ni muhimu kuliko siku ya kuweka bati.

Wanaosema chaga zinatosha

Hoja hii naisikia sana, na ina ukweli ndani yake. Babu zetu hawakuwa na saruji. Walijenga kihenge juu ya mawe au miguu ya miti, hewa ikapita chini, na mahindi yakakaa. Walichokijua ni kwamba chakula hakilali juu ya ardhi. Hapo niko nao.

Lakini kihenge kimeinuliwa nje kwenye upepo. Wewe umejenga chumba cha tofali, umefunga madirisha kwa kuogopa wezi, halafu umeweka chaga juu ya vumbi. Chaga inazuia gunia lisiguse udongo, ila mvuke unaotoka kwenye udongo uliolowa unabaki mle ndani na magunia yanaufyonza. Mchwa wanapanda mguu wa chaga. Panya wanachimba chini ya ukuta na kutokea chini ya chaga, mahali ambapo hata paka hafiki. Na mahindi yakidondoka kwenye vumbi hayafagiliki yote, yanabaki kuwa mbegu ya wadudu kwa mavuno yajayo.

Kwa hiyo chaga ndiyo, tena lazima hata ukiwa na jamvi, ziinuke sentimita 10 mpaka 15. Ila chaga ni msaidizi wa sakafu.

Kwa wale wa mifuko isiyopitisha hewa, neno moja. Mfuko ule unafanya kazi kama hauna tundu. Sakafu yenye kokoto zilizochomoza inautoboa ukiuburuta, na panya akiutoboa umekwisha. Mfuko mzuri nao unahitaji sakafu laini.

Kuilinda ukishaipata

Sakafu inaharibiwa na maji ya nje kuliko mzigo wa ndani. Weka gata, au angalau bati litokeze nje ya ukuta. Zungushia stoo ukanda wa zege au mawe upana wa nusu mita mpaka mita moja, uinamie nje, na mtaro wa kupeleka maji mbali. Ukifanya hili tu, hata sakafu ya wastani itakaa.

Mbolea isikae juu ya zege tupu. Mbolea za chumvichumvi zinavuta maji kutoka hewani, zinayeyuka na kuvuja, na zile zenye amonia, hasa SA, zinalila zege taratibu mpaka linakuwa unga. Weka chaga na nailoni chini, ikimwagika fagia ikiwa kavu, usioshe kwa maji. Isikae karibu na dizeli wala petroli, kuna hatari ya moto.

Viuatilifu viwe na chumba chao. Zege lisilopakwa kitu linanyonya dawa iliyomwagika, na huwezi kuitoa tena kwa kudeki. Kwenye chumba hicho paka rangi ya sakafu ya epoksi, jenga kizingiti cha sentimita 10 mlangoni ili dawa isitoke, na weka ndoo ya mchanga mkavu ya kunyonyea. Stoo ambayo dawa ya kwekwe imemwagika mwaka jana na mwaka huu mahindi yamelala pale pale, mimi nisingekula mahindi yake.

Majembe ya kukokotwa, haro na spea zikae pembeni juu ya mbao. Usiburute chuma. Ufa mdogo uzibe kabla ya kuingiza mavuno: upanue kidogo kwa patasi, fagia vumbi, lowesha, jaza saruji na mchanga mlaini. Kona ya ukuta na sakafu iviringishwe kwa saruji, ufagio upite na mdudu akose pa kulala. Chini ya mlango nafasi isizidi nusu sentimita, piga kipande cha bati.

Kabla ya mavuno mapya, toa kila kitu, fagia mpaka kwenye pembe, na takataka zile choma au fukia. Dumuzi wa mwaka jana asikusubiri ndani.

Kama stoo tayari ipo

Usiivunje. Ipime kwanza. Chukua kipande cha nailoni angavu cha nusu mita kwa nusu mita, kibandike sakafuni kwa solotepu pande zote, kiache masaa 24. Ukikuta matone chini ya nailoni, au saruji imekuwa nyeusi, unyevu unapanda. Fanya hivyo masika, usinipimie Septemba ukasema stoo iko sawa.

Ikiwa inapandisha, anza na mtaro na gata, kisha pima tena. Ikiendelea, tandika nailoni nene juu ya sakafu ya zamani na umwage zege jipya juu yake, angalau sentimita 7 au 8, ila angalia urefu wa mlango. Kama ni ya vumbi na hela hakuna msimu huu, inua kwa moramu iliyochanganywa na saruji, sehemu 1 kwa 10, shindilia sana na umwagilie siku 7, weka chaga, na uuze mapema kabla ya mvua kushika. Bei ya Oktoba ya mahindi mazuri ni bora kuliko bei ya Februari ya mahindi yaliyooza.

Hilo la mwisho nalirudia kwa sababu najua wengi mtalipita haraka. Kama sakafu yako haiwezi kuvuka masika, usipange kuuza masika. Panga biashara yako kulingana na stoo uliyonayo, huku unajenga unayoitaka.

Mnaotaka kupinga, karibuni, ila njooni na picha ya gunia la chini la mwezi Februari tuongee. Na kabla ya kuchimba msingi, mwite afisa ugani wa kata yako aangalie kiwanja na aina ya udongo. Huduma hiyo ni haki yako, hulipii.

Kazi njema, na mavuno yenu yafike sokoni yakiwa makavu.